Nani Abebe Hasara Mgonjwa Asipopona?

Mwaka 2006 Rwanda ilianza kuvilipa vituo vyake vya afya kwa orodha ya bei ambayo, kwangu, inafundisha zaidi ya vitabu vingi vya uchumi wa afya. Mama akijifungulia kituoni, kituo kilipata dola 4.59 za Marekani. Mtoto akimaliza chanjo zote, senti 92. Mjamzito akikamilisha mahudhurio manne ya kliniki, senti 37. Hudhurio lake la kwanza, senti 9. Na fedha hizo hazikutoka zote: zilizidishwa kwa alama ya ubora ya kituo, kati ya sifuri na moja, hivyo kituo chenye alama 0.7 kiliondoka na asilimia 70 tu ya kilichokuwa kimezalisha.

Watafiti wakiongozwa na Paulin Basinga walivifuatilia vituo 166 na kuchapisha matokeo katika jarida la Lancet mwaka 2011. Walifanya jambo moja la busara sana: vituo vya kulinganishia navyo viliongezewa bajeti, kwa wastani uleule wa fedha, ila bila sharti lolote. Kwa hiyo tofauti iliyoonekana haikuletwa na wingi wa fedha. Ililetwa na namna zilivyolipwa. Wanawake waliojifungulia vituoni waliongezeka kwa asilimia 23. Watoto wadogo walioletwa kwa huduma za kinga waliongezeka kwa asilimia 56, na wale wa miaka miwili hadi mitano wakaongezeka zaidi ya maradufu. Lakini mahudhurio manne ya wajawazito hayakusogea, wala idadi ya watoto waliokamilisha chanjo.

Sababu iko wazi ukiitazama tena ile orodha ya bei. Kujifungulia kituoni kulilipwa vizuri, na sehemu kubwa ya kazi hiyo imo mikononi mwa mtumishi: anaweza kuwepo zamu ya usiku, anaweza kumpokea mama kwa lugha ya staha, anaweza kuelewana na wakunga wa jadi wamlete mjamzito mapema. Mahudhurio manne yanategemea umbali, nauli, mvua, shamba na ruhusa ya nyumbani, na kwa senti 37 ni vigumu kituo kumtuma mtu azunguke vijijini kutafuta waliokosa. Tena kuna mstari mmoja katika orodha hiyo ambao wengi huupita bila kuuona. Mama aliyepata matatizo ya uzazi akapewa rufaa ya dharura, kituo kililipwa dola 4.59, bei ileile ya kumzalisha. Aliyeandika mstari huo aliwafahamu wanadamu. Kama rufaa isingelipwa, zahanati isiyo na uwezo wa upasuaji ingekuwa na sababu ya kumng'ang'ania mama mpaka muda umpite.

Kila mkataba wa malipo ya thamani, yaani unaofunga malipo kwenye ubora na matokeo ya huduma, uwe wa Kigali au wa Boston, hujibu swali hilohilo: mambo yakiharibika, hasara imwangukie nani? Michael Porter na Elizabeth Teisberg, waliolieneza wazo hili kwa kitabu chao cha mwaka 2006, walieleza thamani kuwa ni matokeo ya afya anayoyapata mgonjwa yakilinganishwa na gharama ya kuyapata. Ufafanuzi huo ni mzuri, ila haumwambii mhasibu wa hospitali chochote kuhusu mwisho wa mwezi. Mkataba ndio unaomwambia.

Tuanzie kwenye mfumo tuliouzoea. Bima nyingi, Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya wa Tanzania ukiwemo tangu ulipoanza kazi mwaka 2001, zimeegemea kulipa kila huduma kwa bei yake. Daktari anamwona mgonjwa, anaandika vipimo, fomu inajazwa, dai linapelekwa, mkaguzi analikata au analipitisha. Mwenye kisukari akikatwa mguu, hospitali inalipwa kwa upasuaji, kwa kitanda na kwa kufunga kidonda. Muuguzi aliyemfundisha mgonjwa mwingine kukagua nyayo zake kila jioni, mguu ukapona, hakuna fomu ya kumlipa. Hapo hasara yote iko kwa bima na kwa mgonjwa. Upande wa pili kuna kapitesheni, kiasi maalumu kwa kila mwanachama aliyeandikishwa, awe ameugua au hakuugua. Huko hasara yote imehamia kwa mtoa huduma, na kishawishi kinageuka: mgonjwa anayekuja mara nyingi anakuwa mzigo, na anayekaa nyumbani, hata kama anaumwa, anakuwa faida.

Mkataba wa thamani unajaribu kusimama katikati. Mahali ulikokomaa zaidi ni Marekani, na mpango wa kuutazama ni ule wa Medicare, bima ya serikali kwa wazee na baadhi ya wenye ulemavu, ambao tangu mwaka 2012 umekuwa ukigawana akiba na vikundi vya madaktari na hospitali. Kikundi kinakubali kuwajibika kwa gharama zote za wagonjwa wake, wasiopungua 5,000, na kwa ubora wa huduma wanazopata. Madai yanaendelea kulipwa kama kawaida mwaka mzima. Mwishoni hesabu inafungwa.

Niifanye hesabu hiyo kwa tarakimu nyepesi za kubuni, kwa shilingi. Kikundi kina wanachama 10,000, na kwa kuangalia miaka iliyopita inatarajiwa kila mmoja atagharimu shilingi milioni moja kwa mwaka. Kiwango cha kulinganishia ni bilioni 10. Mwaka unaisha, matumizi halisi ni bilioni 9.4. Kuna akiba ya milioni 600. Mkataba unasema akiba isiyofika asilimia 2 haigawanywi, kwa sababu inaweza kuwa bahati tu, hii imezidi. Unasema pia kwamba nusu ni ya kikundi: milioni 300. Kisha inakuja alama ya ubora. Shinikizo la damu limedhibitiwa kwa wagonjwa wangapi? Sukari je? Wangapi wamepimwa saratani? Kikundi kimepata asilimia 80, basi kinalipwa milioni 240. Kama kimekubali pia kubeba hasara, na matumizi yakafika bilioni 10.5, kitatakiwa kurudisha sehemu ya milioni 500 zilizozidi. Kwa asilimia 40, hiyo ni milioni 200 kutoka mfukoni mwake.

Hesabu yenyewe ni ya darasa la saba. Ugumu uko katika maneno matatu niliyoyapita haraka: wanachama *wake*, gharama *inayotarajiwa*, na wagonjwa wa *aina gani*.

Mgonjwa wa Medicare kwa kawaida hasaini popote kwamba ni wa kikundi fulani. Mara nyingi kompyuta ndiyo inayompanga kwa kuangalia alikopata sehemu kubwa ya huduma zake za msingi, naye anabaki huru kwenda atakako. Kikundi kinaweza kubebeshwa gharama za upasuaji uliofanyika kwenye hospitali ambayo hakina sauti ndani yake. Ndiyo maana vikundi vinavyofanikiwa huwekeza kwanza kwenye mambo yanayoonekana madogo: kumpigia simu mgonjwa siku mbili baada ya kuruhusiwa, kuacha nafasi za miadi ya siku hiyohiyo ili asikimbilie idara ya dharura, kumjua mfamasia wake. Akiba hutoka hapo kwa wingi, kwa sababu kulazwa kunakoweza kuepukika ni ghali kuliko simu.

Kiwango cha kulinganishia nacho kina mtego. Kikitengenezwa kwa matumizi ya zamani ya kikundi chenyewe, aliyekuwa mbadhirifu anaanza na shabaha rahisi, na aliyekuwa makini anaanza na shabaha ngumu. Baya zaidi, akiba ya mwaka huu inashusha kiwango cha mkataba unaofuata, hadi aliyefanya vizuri anakosa pa kupunguza. Wamarekani wamelirekebisha hili mara kadhaa kwa kuchanganya historia ya kikundi na gharama za eneo lake, na bado wanalirekebisha.

Kuhusu aina ya wagonjwa, haiwezekani kumlinganisha daktari anayehudumia vijana wa ofisini na anayehudumia wazee wenye moyo na figo. Kwa hiyo kila mgonjwa hupewa uzito kulingana na magonjwa yaliyoandikwa katika kumbukumbu zake. Ni haki. Lakini papo hapo uandishi wa magonjwa unakuwa chanzo cha mapato. Katika tawi la Medicare linaloendeshwa na kampuni binafsi za bima, tume inayolishauri Bunge la Marekani imeripoti mwaka hadi mwaka kwamba wanachama wanaandikwa kuwa wagonjwa zaidi kuliko wanavyoandikwa wenzao walio kwenye Medicare ya kawaida, na serikali inalipa tofauti hiyo. Kwetu hatari iko upande wa pili kabisa. Kumbukumbu za vituo vyetu zimejaa mapengo, na mgonjwa mwenye presha, kisukari na figo iliyochoka anaweza kuandikwa malaria peke yake kwa sababu ndiyo iliyomleta siku hiyo. Mkataba ukisoma kumbukumbu kama hizo utamwona mgonjwa mahututi kuwa mtu mwenye afya njema, na kituo kitaadhibiwa kwa gharama ambazo zilikuwa za halali.

Je, haya yote yanazaa matunda? Kwa Medicare, ndiyo, kwa kiasi. Katika matokeo ya mwaka 2023 mpango huo uliokoa dola bilioni 2.1 baada ya kuwalipa watoa huduma bilioni 3.1 za mgawo wao. Ukilinganisha na bajeti nzima ya Medicare hizo ni fedha ndogo, na watetezi wa mpango wanapaswa kukiri hivyo. Ila ni akiba iliyopatikana huku alama za ubora zikiwa sehemu ya hesabu, jambo ambalo kukata bajeti kwa panga hakuwezi kulifanya.

Nguvu ya mkataba huonekana vizuri zaidi pale tukio la ugonjwa lina mwanzo na mwisho. Mwaka 2006, Geisinger, mtandao wa hospitali huko Pennsylvania, ulianza kuuza upasuaji wa kupandikiza mishipa ya moyo kwa bei moja ya mkupuo, ikijumuisha matatizo yatakayojitokeza ndani ya siku 90. Mgonjwa akirudi na maambukizi ya kidonda, hospitali inamtibu kwa gharama yake. Kabla ya kuthubutu hivyo, madaktari wake walikaa na kukubaliana hatua 40 ambazo kila mgonjwa lazima apitie, kuanzia uamuzi kwamba kweli anahitaji upasuaji. Ahadi ya kubeba hasara iliwalazimisha wapasuaji, watu wasiopenda kupangiwa, kufanya kazi kwa utaratibu mmoja. Hapo hasara ilikwenda kwa mtu mwenye uwezo wa kuizuia, na akaizuia kwa kubadilisha kazi yake.

Sasa tazama pale ilipokwenda kwa asiyestahili. Kuanzia Oktoba 2012 Medicare iliziadhibu hospitali ambazo wagonjwa wao wa moyo na nimonia walirudi kulazwa ndani ya siku 30 kupita kiwango kilichotarajiwa. Kikomo cha adhabu kilianzia asilimia 1 ya malipo na baadaye kikafika 3. Kurudi kulazwa kulipungua, na hospitali nyingi kwa mara ya kwanza zikaanza kujali mgonjwa akishatoka getini. Lakini hospitali zinazohudumia maskini ziliadhibiwa zaidi. Mgonjwa wa moyo anayekaa peke yake kwenye chumba kisicho na joto, asiye na fedha ya dawa wala mtu wa kumpikia chakula kisicho na chumvi, atarudi hata kama daktari wake ni bingwa. Fedha zilikuwa zinachukuliwa kutoka kwa hospitali zilizozihitaji kuliko zote. Sheria iliyopitishwa Desemba 2016 iliamuru hospitali zilinganishwe na nyingine zenye kiwango sawa cha wagonjwa maskini. Marekebisho hayo yalianza kutumika katika mwaka wa fedha wa 2019, ikiwa ni miaka sita tangu adhabu ianze. Nawaomba wanaoandaa mikataba kwetu wasisubiri miaka sita.

Watengenezaji wa dawa nao wanaweza kubebeshwa hasara, na upande huu naamini Afrika Mashariki haujaupa uzito unaostahili. Mwaka 2007 Uingereza ilikuwa na dawa ya saratani ya uboho iitwayo Velcade, ambayo taasisi inayopima thamani ya tiba ilikuwa imeiona ghali kuliko faida yake. Kampuni ikakubali mkataba: mgonjwa atumie mizunguko minne, damu ipimwe, na asipoonesha nafuu iliyokubaliwa, gharama irudishwe. Kipimo kilikuwa cha maabara, hakibishaniwi. Miaka 16 baadaye, Desemba 2023, Marekani iliidhinisha tiba mbili za vinasaba za ugonjwa wa selimundu, moja kwa bei ya dola milioni 2.2 na nyingine milioni 3.1 kwa mgonjwa mmoja. Serikali iliingia yenyewe kujadiliana na kampuni kwa niaba ya majimbo, na majimbo 33 yakajiunga na mpango unaofunga malipo kwenye matokeo.

Nchini Tanzania inakadiriwa kuwa watoto 11,000 huzaliwa na selimundu kila mwaka. Bei hizo si zetu kwa sasa, wala sizitaji ili kuota. Natazama umbo la mkataba. Selimundu ina matokeo yanayohesabika: siku za kulazwa, mara za kuongezewa damu, vipindi vya maumivu makali. Kidonge cha haidroksiyurea kinapunguza hayo kikitumiwa kila siku. Mlipaji anaweza kabisa kusaini na hospitali ya rufaa ya mkoa mkataba wa kumtunza mtoto mwenye selimundu kwa mwaka mzima, ndani yake kidonge, chanjo, vipimo na ufuatiliaji, na nyongeza ikilipwa kadiri siku za kulazwa zinavyopungua. Ningeanzia hapo kabla ya kugusa magonjwa ambayo hata madaktari wanabishana jinsi ya kuyapima.

Wala hatuanzi kutoka sifuri. Mwaka 2011 Wizara ya Afya, kwa msaada wa Norway, ilianza kulipa kwa ufanisi katika mkoa wa Pwani. Kila kituo kilipewa shabaha za miezi sita, na takwimu zilitoka kwenye vitabu vya MTUHA, rejista za taarifa za huduma za kituo, na kuhakikiwa. Kilichofikia shabaha kililipwa kamili, kilichokaribia kililipwa nusu, kilichobaki nyuma hakikupata kitu. Kwenye zahanati na vituo vya afya, robo tatu ya fedha ilikwenda kwa watumishi na robo kwa mahitaji ya kituo. Tathmini iliyolinganisha Pwani na wilaya za Morogoro na Lindi ilionesha kujifungulia vituoni kumepanda kwa pointi 8.2 za asilimia, na wajawazito waliopata dozi mbili za kinga ya malaria kwa pointi 10.3. Huduma nyingine nyingi zilizolengwa hazikubadilika.

Takwimu hizo hunukuliwa sana. Kilicho nyuma yake hakinukuliwi, nacho ndicho chenye faida kwa anayeandika mkataba. Uchambuzi wa baadaye uliona dawa na vifaa havikuwa vikikatika kama zamani, na akina mama waliotozwa fedha walipokuja kujifungua walipungua. Maana yake sehemu ya mafanikio ilitokana na kituo kuwa na vitu na kuacha kumfukuza mteja kwa gharama, zaidi ya muuguzi kukimbizana na bonasi. Halafu katika mizunguko ya mwanzo, vituo vilivyolipwa zaidi vilikuwa vile vyenye vifaa na vilivyozungukwa na kaya zenye uwezo. Pengo hilo lilipungua kadiri muda ulivyokwenda, lakini kwa zahanati ya kando iliyoanza bila glavu, ile ngazi ya "kamili, nusu au sifuri" ilikuwa ukuta. Ingekuwa haki kulipa kila hatua ya kusogea mbele, hata kama shabaha iko mbali.

Bunge la Tanzania lilipitisha sheria ya Bima ya Afya kwa Wote Novemba 2023, na Kenya iliihamishia kazi ya mfuko wake wa zamani wa bima kwenye Mamlaka ya Afya ya Jamii Oktoba 2024. Nchi zote mbili sasa zina mnunuzi mmoja mkubwa wa huduma, mwenye nguvu ya kuandika masharti. Ninachohofia ni nguvu hiyo kutumika kuhamisha hasara kwa mnyonge. Zahanati ya watu 3,000 haiwezi kubeba hasara ya aina yoyote: wagonjwa watatu wanaohitaji kusafishwa damu wanatosha kuiangusha hata ikifanya kazi vizuri kuliko zote wilayani. Hata kwa Marekani yenye hospitali tajiri, kati ya vikundi 32 vilivyojitolea mwaka 2012 kubeba hasara kubwa zaidi, 9 vilijitoa baada ya mwaka wa kwanza. Kwa vituo vyetu vya chini, mkataba uwe wa kugawana akiba peke yake, na hesabu ifanywe kwa halmashauri nzima, zahanati zote na hospitali ya wilaya zikiwa kapu moja. Hapo ndipo idadi ya watu inakuwa kubwa vya kutosha kwa bahati mbaya ya mmoja kumezwa, na hospitali ya wilaya inapata sababu ya kuisaidia zahanati badala ya kuilaumu kwa rufaa.

Kituo pia kipewe takwimu zake mapema. Mganga mfawidhi anayesubiri miezi kumi kujua kwamba wagonjwa wake wa kisukari wanalazwa hospitali ya mkoa hawezi kurekebisha chochote. Bima inazo taarifa hizo kwenye madai inayoyalipa kila mwezi. Kumpelekea ukurasa mmoja kwa mwezi hakuhitaji sheria mpya.

Na muda wa mkataba. Mwaka 2009 kampuni ya bima ya Blue Cross Blue Shield ya Massachusetts ilianza kusaini na makundi ya madaktari mikataba ya bajeti nzima, ubora ukipimwa kwa vigezo 64, na ikaiweka iwe ya miaka mitano. Iliona kwamba faida ya kudhibiti sukari na presha haionekani mwaka wa kwanza, ambao kwa kawaida ni mwaka wa gharama: vipimo vingi, dawa nyingi, wauguzi wapya. Figo inayookolewa leo ni fedha ya usafishaji damu ambayo haitalipwa miaka minane ijayo. Kampuni binafsi ina sababu ya kusita hapo, kwani mwanachama anaweza kuhamia kwa mshindani kabla figo hiyo haijalipa. Mfuko wa taifa hauna kisingizio hicho. Mwalimu aliyeandikishwa akiwa na miaka 25 utakuwa naye mpaka astaafu, na figo zake zitakuwa deni la mfuko au akiba ya mfuko. Mkataba wa mwaka mmoja unaofuata kalenda ya bajeti ya serikali unaunyima mfuko faida ambayo wenyewe tu ndio wenye subira ya kuingoja.